Hiace yako inabeba kilo ngapi? Mwongozo kamili wa kusoma uzito wa gari, toleo kwa toleo

Mwaloni Kibirizi, hapa Kigoma, uwezo wa Hiace hupimwa kwa macho. Springi zikilala kidogo, imeshiba. Zikilala sana, dereva anasema "itafika tu". Dalali naye ana hesabu yake: toleo la zamani tani moja na nusu, toleo jipya tani mbili, na lenye injini kubwa zaidi ya hapo. Hesabu hizo zote hazina msingi. Toleo jipya mara nyingi ni zito lenyewe kabla hujaweka hata gunia moja, na injini kubwa inasaidia kupanda mlima lakini haiongezi hata kilo moja kwenye uwezo wa ekseli, tairi na breki.

Mwongozo huu ni wa mtu wa Kigoma au Tabora anayetaka kununua Hiace ya mizigo, au anayo tayari na anapeleka mawese Tabora na kurudi na mchele au asali. Nimeijenga hesabu juu ya Hiace kwa sababu ndiyo imejaa barabarani, lakini inafaa kwa Caravan, Bongo, TownAce na hata Kirikuu.

Hatua ya 1: Jua una toleo gani

Usisikilize jina la mtaani. Soma namba ya chesesi. Kwa magari ya Japani, herufi za mwanzo zinataja familia ya injini, H ni Hiace, tarakimu zinataja umbo, na herufi ya mwisho inasema gari lilizaliwa kufanya kazi gani.

Toleo la nne lilianza 1989, na wenye magari hulijua kwa LH, RZH au KZH likifuatiwa na namba za mia moja na kitu. L ni dizeli za kizamani zisizo na mambo mengi (2L, 3L, 5L), RZ ni petroli, KZ ni dizeli ya turbo. Toleo la tano lilitoka 2004: TRH ni petroli, KDH ni dizeli (zile za karibuni huandikwa GDH), namba ni mia mbili na kitu. La sita lilizinduliwa 2019, lina pua fupi mbele, na la dizeli huandikwa GDH300 na kuendelea.

Japani kwenyewe, Hiace ya mizigo iliendelea kuwa ile ya mwili wa 2004 hata baada ya 2019. Umbo lake la kawaida lina urefu wa milimita 4,695 na upana wa 1,695, vipimo vinavyoingia kwenye daraja la magari madogo ya mizigo la kule, ambalo ukomo wake ni mita 4.7 kwa mita 1.7. Toleo la sita lina upana wa milimita 1,950, na fupi lake tu lina urefu wa 5,265. Kwa hiyo ukiletewa gari la mwaka 2021 kutoka Japani lenye uso bapa wa zamani, hujatapeliwa. Ndivyo linavyotengenezwa.

Sasa angalia herufi ya mwisho. V na K ni za mizigo (K ni yenye paa lililoinuliwa), W ni ya familia, B ni basi. Herufi hii watu huiruka, na ndiyo yenye maana kuliko zote. KDH201V na TRH214W zinaweza kusimama pamoja ukaona ndugu wawili, lakini la pili halikupangiwa mzigo. Lilipangiwa watu na mabegi yao. Ukiling'oa viti na kulijaza saruji, umebadilisha kazi ya gari bila kubadilisha chuma chake.

Hatua ya 2: Tafuta namba tatu

Unazihitaji tatu tu: uzito wa gari tupu, uzito jumla unaoruhusiwa, na mzigo unaoruhusiwa. Ukiwa na mbili za kwanza, ya tatu unaitoa mwenyewe.

Sehemu ya kwanza ya kuangalia ni mlango wa nyuma. Sheria ya Japani inataka gari la mizigo libandikwe stika ya mzigo wa juu kabisa, na wengi wetu tunaikwangua tukidhani ni pambo. Herufi hutaweza kusoma, lakini namba utazisoma: 1000 kg, au 1250 kg, au namba mbili moja ikiwa ndani ya mabano. Namba mbili hazipingani. Kubwa ni wakati viti vya nyuma vimekunjwa na wamekaa watu wa mbele pekee, ndogo ni wakati viti vya nyuma vina watu. Hiace nyingi za mizigo za toleo la tano zinaangukia kati ya kilo 1,000 na 1,250. Hizo tani mbili za dalali hazipo popote kwenye stika hiyo.

Sehemu ya pili ni cheti cha kusafirisha gari kutoka Japani, karatasi iliyokuja na gari hadi bandarini Dar es Salaam. Kina uzito wa gari, uzito jumla, mzigo na idadi ya watu. Ukinunua kwa mtu, mwombe nakala yake. Sehemu ya tatu ni kadi ya gari ya TRA, nayo ina nafasi ya uzito mtupu na uzito jumla. Kadi na cheti zikitofautiana, mimi naamini cheti cha Japani, maana ndicho chanzo.

Kwa magari mengine ya Japani, namba za kukumbuka ni hizi. TownAce na LiteAce za mizigo za kuanzia 2008 zinabeba hadi kilo 750. Kirikuu, ile Suzuki Carry ndogo, na wenzake wote wa daraja la magari madogo kabisa, ukomo wao wa kisheria kule Japani ni kilo 350. Ndiyo, 350: magunia matatu ya mchele ya kilo mia na dumu mbili za mafuta. Linganisha na unayoyaona yakipanda kutoka Ujiji kuja mjini asubuhi.

Hatua ya 3: Elewa Wajapani walipigaje hesabu

Hapa ndipo watu wengi hupotelea. Fomula ya Japani ni rahisi: uzito wa gari tupu, jumlisha watu kwa kilo 55 kila mmoja, jumlisha mzigo, unapata uzito jumla.

Tuchukue gari la mfano ambalo cheti chake kinasema kilo 1,700 likiwa tupu, watu 3 na mzigo 1,250. Watu watatu kwa 55 ni 165. Jumla inakuwa 3,115. Gari hilohilo viti vya nyuma vikifunguliwa, watu 6 na mzigo 1,000, linakuwa 1,700 na 330 na 1,000, yaani 3,030.

Ona mambo mawili. Kwanza, mtu wa kilo 55 ni mtu wa kwenye karatasi. Dereva na utingo wa kwetu wahesabie 75 kila mmoja, na abiria mwenye mfuko wa dagaa umhesabie zaidi. Pili, uzito mtupu wa Kijapani unajumuisha tangi lililojaa mafuta, lakini hauhesabu tairi la akiba wala jeki na spana. Kwa hiyo mafuta usiyatoe tena, tangi la lita 70 limeshaingia. Tairi la akiba na vifaa vyote vinakula mzigo wako.

Wanaoongeza viti ili gari la mizigo lipakie abiria nao waanze upya kabisa. Kila kiti cha chuma kilichochomelewa kina uzito, na kila kichwa kinachokaa juu yake kina uzito. Uzito jumla haubadiliki kwa sababu fundi kachomelea vizuri.

Hatua ya 4: Lipime gari lako lilivyo leo

Cheti kinasema gari lilikuwaje lilipotoka kiwandani. Tangu hapo limepata keria juu ya paa, bampa la chuma, bati la sakafuni, mbao za pembeni, spika, betri kubwa. Hiace iliyokaa miaka mitano kwenye vumbi la Kasulu na Kibondo huwa na udongo wa kutosha kwenye mashavu ya ndani kupandia mchicha.

Tafuta mizani ya kupimia magari yenye mzigo. Maghala makubwa, viwanda vya kukoboa na wanunuzi wa mazao huwa nayo, na ukienda saa isiyo na foleni ukaomba kwa adabu, aghalabu utapimiwa kwa gharama ndogo. Nenda na tangi limejaa, bila mzigo, bila utingo, na dereva ashuke wakati wa kupima. Pima mara tatu: gari zima, kisha magurudumu ya mbele pekee yakiwa juu ya mizani, kisha ya nyuma pekee. Andika. Jumla ya mbele na nyuma ikipishana kidogo na ya gari zima usijali. Ikipishana sana, sehemu ya kusimama haiko sawa, rudia.

Tuseme gari letu la mfano limetoka kilo 1,840 badala ya 1,700. Kilo 140 zimeondoka kabla ya safari. Ondoa dereva na utingo, 150. Kutoka 3,115 zinabaki 1,125. Hiyo ndiyo namba yako. Iandike kwa rangi ndani ya mlango wa dereva, maana wengine wataliendesha gari hilo bila kusoma mwongozo huu.

Hatua ya 5: Geuza kilo kuwa dumu, ndoo na magunia

Hakuna anayepakia kilo. Watu wanapakia vitu, na vitu vinadanganya.

Lita 20 za mawese zina kama kilo 18, maana mafuta ni mepesi kuliko maji. Na dumu lake weka 19. Lita 20 za asali zina kama kilo 28, na ndoo yake weka 29. Saruji ni 50 kwa mfuko. Mchele inategemea umeuziwa gunia au lumbesa; gunia la mia lipime, usilikubali kwa jina.

Kwa kilo zetu 1,125: dumu 59 za mawese, ndoo 38 za asali, au mifuko 22 ya saruji. Ndoo 38 za asali ya Sikonge ukizipanga chini, hazimalizi sakafu ya Hiace. Gari litaonekana tupu, na hapo ndipo mwenye mzigo husema "ongeza, nafasi ipo". Nafasi ipo kweli, ila uzito umekwisha. Chumvi ya Uvinza ni vilevile: nzito, tena ukiijaza hadi dirishani umemaliza gari.

Dagaa wakavu ni kinyume chake. Hiace inajaa hadi paa na bado hujagusa ukomo. Ndiyo maana dereva wa dagaa na dereva wa asali hawawezi kukubaliana gari lipi ni imara. Kila mmoja anasema kweli kuhusu mzigo wake. Na kwa mtu wa dagaa, toleo la 2019 au lile refu la 2004 (milimita 5,380, paa la juu) lina faida ya wazi, maana anachonunua ni nafasi. Mtu wa asali, chumvi au saruji anayelipa fedha zaidi kwa ajili ya mwili mkubwa ananunua hewa. Mwili mrefu una bati zaidi, na bati hilo linatolewa kwenye kilo zake.

Hapo hapo niseme kuhusu dizeli na 4WD. Zote mbili zinaongeza chuma. Kiwanda wakati mwingine hupandisha uzito jumla ili kufidia, wakati mwingine hushusha mzigo. Huwezi kujua kwa kukisia; rudi kwenye cheti cha gari lile lile unalonunua, si cha rafiki yako.

Hatua ya 6: Pakia kwa kufikiria ekseli

Kilo 1,125 zikipangwa vibaya zinaharibu kuliko 1,300 zilizopangwa vizuri. Sijasema upakie 1,300.

Kwenye Hiace ya mwaka 2004 fupi, umbali kati ya ekseli ya mbele na ya nyuma ni mita 2.57. Chukua mzigo wa kilo 100 uuweke mita moja nyuma ya ekseli ya nyuma, karibu na mlango. Ekseli ya nyuma haibebi 100. Inabeba kama 139, na mbele inapungukiwa 39, kwa sababu gari linageuka bembea. Weka magunia sita hivyo na usukani unakuwa mwepesi, tairi za mbele hazishiki vizuri kwenye kona, na kwenye tope za masika gari linakwenda linakotaka.

Kwa hiyo vizito vianze nyuma tu ya viti, chini, vikiegemea ukuta au kizuizi cha chuma. Vyepesi viende mlangoni na juu. Funga kwa kamba hata kama mlango umefungwa: ukishika breki ghafla, dumu 59 za mawese zitakuja kukusalimia kisogoni. Keria ya paa iwe ya magodoro na vikapu. Magunia ya mchele juu ya paa ni habari ya kupinduka.

Halafu pima tena ikiwezekana, ekseli moja moja.

Hatua ya 7: Soma ubavu wa tairi

Tairi nyingi za Hiace ya toleo la tano zimeandikwa 195/80R15 107/105. Hiyo 107 ni msimbo wa uzito: kilo 975 kwa tairi moja. Ya pili, 105, ni kilo 925, inatumika tairi zikiwa mbili mbili upande mmoja, kwa hiyo Hiace ya kawaida haikuhusu.

Misimbo mingine ya kukariri: 91 ni kilo 615, 97 ni 730, 102 ni 850, 104 ni 900. Sasa tuseme mizani imesema ekseli yako ya nyuma ina 1,750 ikiwa na mzigo. Kila tairi inabeba 875. Tairi ya 107 inatosha. Lakini mtu akikuuzia 195/65R15 yenye 91, ile ya gari dogo la kutembelea, kwa sababu rimu zinaingia na bei ni nzuri, mbili zinabeba 1,230 kwa pamoja. Umezidi kwa zaidi ya kilo 500 na gari bado linaonekana zima.

Upepo fuata kibandiko kwenye nguzo ya mlango wa dereva. Kimeandikwa kwa kPa. Gawa kwa 7 upate PSI kwa karibu, kwa hiyo 350 ni kama 50. Fundi wa upepo atashtuka akisikia 50. Mwonyeshe kibandiko. Tairi ya mizigo yenye upepo wa gari dogo hupata joto, na kutoka Kaliua kuja Uvinza mchana wa Oktoba joto halihitaji msaada.

Hatua ya 8: Kabla ya kuongeza springi

Ushauri wa gereji nyingi mjini ni mmoja: ongeza jani. Springi za nyuma za Hiace ya mizigo ni za majani kwenye matoleo yote matatu, kwa hiyo kazi ni rahisi na gari linasimama vizuri. Ila springi ni kiungo kimoja tu kwenye mnyororo. Ekseli, beringi, tairi na breki zimebaki zilezile.

Kuna na jambo ambalo mafundi wengi hawalisemi. Hiace nyingi, hasa za zamani, zina valvu ya breki za nyuma iliyounganishwa kwa fimbo na ekseli. Nyuma ikishuka kwa mzigo, fimbo inaiambia valvu iongeze nguvu ya breki za nyuma. Ukiongeza majani, nyuma haishuki. Valvu inadhani gari ni tupu, inapunguza nguvu ya breki za nyuma, na kazi kubwa inabaki kwa diski za mbele. Tabora iko kama mita 1,200 juu ya usawa wa bahari, Ziwa Tanganyika ni kama 773. Ukirudi na mchele, safari kwa jumla inashuka. Pedi zinazonuka ukikaribia Kigoma huenda si mbovu, zinafanya kazi ya watu wawili.

Jani lililovunjika libadilishe. La kuongeza liache, au kama umeshaongeza, fundi anayeijua valvu hiyo airekebishe fimbo na ujaribu breki ukiwa na mzigo mahali pasipo na watu.

Hatua ya 9: Usiitegemee mizani ya barabarani

Sheria ya Jumuiya ya Afrika Mashariki ya kudhibiti uzito wa magari ilianza kutumika Tanzania Machi 2019. Inahusu magari ya kuanzia tani 3.5, na ekseli moja yenye tairi mbili inaruhusiwa hadi tani 8. Ekseli ya Hiace yako haifiki tani 8 hata ikivunjika. Sheria hiyo inalinda lami, na kupita salama hakuna maana kwamba gari halijazidi uwezo wake. Toleo la sita ndilo linasogelea mpaka wa tani 3.5, kwani baadhi yana uzito jumla wa 3,500 kamili. Mwenye nalo aulize TANROADS mapema kama anatakiwa kuingia.

Hatua ya 10: Maswali ya kumuuliza muuzaji kabla hujatuma fedha

Omba picha ya namba ya chesesi, picha ya stika ya mlango wa nyuma, nakala ya cheti cha Japani, na picha ya ubavu wa tairi zote nne. Omba pia picha ya springi za nyuma kutoka chini, uhesabu majani upande wa kulia na kushoto. Yakipishana idadi, limeshabebeshwa. Kwa toleo la 1989 ongeza picha za mahali springi inaposhikwa na chesesi, maana magari hayo ni wazee sasa na kutu hupendelea pale.

Muuzaji akikosa cheti na stika imeng'olewa, lichukulie gari kuwa la kilo 1,000 pamoja na kila ulichoongeza juu yake, ufanye bei kwa hesabu hiyo. Na kama mzigo wako wa kila wiki ni saruji tani moja na nusu, acha kutafuta Hiace ya toleo lolote. Tafuta Canter.